Waliofagia Fungu la Somoe

Watu wa Magomeni, Mtwara mjini, wakikuambia wanakwenda kwa Spika, usidhani wanakwenda bungeni. Wanakwenda kwenye banda la video la Twahiru Alawi, kuangalia filamu za kigeni ambazo mwenyewe anazitia Kiswahili hapo hapo, kipaza sauti mkononi, kikombe cha kahawa miguuni. Ana miaka arobaini na sita, na kazi hiyo ameifanya miaka ishirini na miwili. Sauti anayo, hilo hata wasiompenda wanakubali. Akiigiza mjane, kina mama wanatafuta pembe za kanga wafutie machozi. Akiigiza jemadari, watoto wanasogeleana.

Na tuseme ukweli, Twahiru hafasiri tu, anatia chumvi. Jambazi wa Marekani kwake huwa ametoroka kituo cha Naliendele na gunia la korosho za utafiti. Malkia akikasirika, anakasirika kwa sababu mumewe ameoa mke wa pili kule Ziwani. Watu hufuata chumvi hiyo kuliko filamu yenyewe. Hakuna anayelalamika kuwa amedanganywa, maana wote wanajua, na anayetaka filamu kavu akaangalie kwake kwenye simu.

Zipo filamu za aina moja tu ambazo hakuwa akizitilia chumvi nyingi, nazo ni za wavumbuzi. Hizo alizipenda toka utotoni, tangu siku mjomba wake alipoleta jenereta na televisheni ya kichogo kijijini kwao, mdomoni mwa mto Ruvuma. Aliona mtu mwenye kofia akivuka jangwa, mwingine akipanda mlima wa barafu na ndevu zimeganda, mwingine akishuka baharini ndani ya chombo kisichozidi pipa. Wote walifika mahali wakasimama, muziki ukapanda, wakasema kwamba hapa mguu wa mwanadamu haujapata kukanyaga. Twahiru alikuwa akisisimka mwili mzima. Kiingereza alijifunza kwa ajili ya maneno hayo. Aliamini kabisa kwamba jambo kubwa kuliko yote anayoweza kufanya mtu ni kufika mahali kabla ya wengine.

Ajabu ni kwamba nyumbani kwao alikuwapo mtu wa namna hiyo, na hakuna aliyempigia muziki. Bibi yake mzaa mama, Somoe, alikuwa mchokoaji wa pweza. Mwaka mmoja wa njaa, siku za bamvua, maji yanapotoka mbali kuliko kawaida, aliingia baharini kwa miguu na mchokoo wake, kijiti cha kutolea pweza mwambani, kuelekea mahali ambapo wanaume walipaogopa kwa sababu ya mkondo. Alipima kina kwa mwili wake mwenyewe. Siku ya kwanza maji yalipofika kiunoni akarudi. Siku ya pili yalifika kifuani, akarudi. Siku ya tatu akakanyaga mchanga mkavu, kisiwa kidogo chenye mikandaa upande huu na mwamba uliojaa pweza upande ule. Akahesabu muda wa kwenda na muda wa kurudi, akawafundisha wanawake wenzake. Tangu hapo pale panaitwa Fungu la Somoe, na kila msimu wanawake hupiga dago, wakajenga vibanda vya makuti na chanja za kukaushia pweza, wakakaa wiki tatu au nne.

Bi Safina, mama yake Twahiru, amelala dago hilo kwa zaidi ya miaka hamsini. Na mtoto wake mmoja amelala huko moja kwa moja. Rehana alikuwa na miaka mitatu homa ilipomshika. Maji yalikuwa mafu, yasiyotoka mbali, njia ya miguu haikufunguka siku nne, na chombo hakikuwapo. Walimzika juu kidogo ya mahali maji yanapofika, na Twahiru, mwenye miaka tisa, ndiye aliyeokota mawe mwambani na kuyapanga kuzunguka kaburi la mdogo wake. Aliyapanga vizuri, makubwa kichwani, madogo miguuni.

Sasa wageni. Miaka miwili iliyopita walifika Mtwara watu wa filamu kutoka Ulaya, wakatafuta mkalimani, wakaelekezwa kwa Spika. Mkubwa wao alikuwa mtu mrefu mwenye kofia ya kahawia, na Twahiru moyoni akambatiza jina la Kofia. Hawakuwa watu wa matusi. Walisalimia, walikula ugali kwa mikono, walimwita Bi Safina mama. Hilo ndilo linaloudhi zaidi. Mtu akikutukana unajua pa kumshika, lakini huyu anakushukuru huku anakufuta.

Walitaka kupiga picha Fungu la Somoe, ila vibanda viondolewe siku tatu, na nyayo zifagiliwe. Twahiru akamgeukia mama yake. "Mama, ni wageni. Wanaomba pawe safi."

Mwanamke gani wa pwani ile utamwambia mgeni anakuja, halafu aache uwanja haujafagiliwa? Wanawake saba walishika fagio za chelewa. Walibomoa vibanda, wakahamisha chanja, wakafukia majivu ya mafiga. Kisha wakaanza kufagia kutoka katikati ya kisiwa, wakirudi kinyumenyume, kila mmoja akifuta nyayo zake mwenyewe, hadi wakaingia majini na kupanda mtumbwi. Celeste, aliyezaliwa ng'ambo ya mto na kuolewa upande huu, alirudi tena kwa kuwa alikuwa ameona mahali pamebaki alama ya kisigino. Bi Safina aliomba kitu kimoja tu, kwamba wasikaribie yale mawe. Twahiru alifasiri, na Kofia akaweka mkono kifuani akainamisha kichwa. Jioni mama akauliza, "Wamependa?" Twahiru akamwambia wamependa sana. Kikongwe wa watu akalala na furaha yake.

Basi mwaka huu ukaja mradi. Mradi wenyewe ni wa utalii, unataka kujenga nyumba za wageni pale Fungu la Somoe, kwa ajili ya watu wanaotaka kupumzika mahali ambapo hapajaguswa. Dago lingekufa, na njia ya miguu ingefungwa kwa kamba na ubao wa onyo. Ilibaki idhini ya mkutano wa kijiji. Ofisa wa mradi, kijana aliyeitwa Frank, akaona njia nyepesi ya kuipata ni kuwaonyesha wanakijiji ile filamu, ambayo ilikuwa imeshatoka na kusifiwa huko nje, halafu ndipo wapige kura. Filamu ni ya Kiingereza. Nani atawafasiria? Spika.

Frank alimletea flashi Ijumaa saa nne asubuhi. Twahiru akafunga banda, akakaa peke yake mbele ya kompyuta, moyo unamdunda kwa furaha kama mtoto siku ya Iddi. Filamu iliitwa *Kisiwa Bila Nyayo*.

Dakika ya kwanza alitabasamu. Dakika ya tano alikuwa ameacha. Kofia anashuka kutoka kwenye boti, anatazama mchanga uliofagiliwa na mama yake, na muziki ule ule wa utotoni unapanda. "Hapa," anasema Kofia kwa sauti ya kunong'ona, "historia bado haijaanza." Twahiru akasonya. Kofia anazunguka kisiwa, anakiita kwa jina alilolitunga mwenyewe, anaonja maji, anashangaa pweza. Anaingia kwenye mwamba bila kujua pa kukanyaga, anateleza, anainuliwa. Halafu anafika kwenye mawe. Anapiga magoti, anaokota jiwe moja la upande wa kichwa, analigeuza mkononi. Anasema bahari ni fundi wa ajabu, tazama ilivyopanga mawe haya, makubwa huku na madogo kule, utadhani kuna mkono. Analirudisha. Analirudisha upande wa miguu.

Twahiru alisimama na kiti kikaanguka. Alitukana kwa sauti, matusi ambayo hajawahi kuyaweka kwenye filamu yoyote, Kiswahili na Kimakonde. Alipiga ukuta wa bati mpaka muuza mihogo wa nje akauliza kuna nini. Alimtukana Kofia, akatukana kofia yenyewe, akatukana mkono ule uliowekwa kifuani. Akasema moyoni kwamba kesho mkutanoni atawaeleza watu wote, neno kwa neno, na Frank atajua hajui.

Alikuwa bado anahema wakati filamu inafika mwisho. Boti inaondoka, kisiwa kinapungua, na nyuma ya picha unasikika mnong'ono wa watu wawili wakizungumza. Kofia anauliza: kuna mtu yeyote anayekuja hapa? Na sauti nyingine, nzito, tamu, yenye lafudhi ya Kusini, inajibu kwa Kiingereza kilichonyooka: "Hakuna, bwana. Hakuna mtu aliyewahi kufika hapa."

Ilikuwa sauti yake mwenyewe.

Alikuwa amelisahau jambo hilo. Sasa likamrudia lote. Walikuwa kwenye boti, wanarudi, na Kofia akamwomba aseme maneno mawili matatu kwa ajili ya filamu. Hakumlazimisha. Hakumwambia hata aseme nini. Twahiru alijua mwenyewe filamu ya namna ile inavyotakiwa kuishia, maana alikuwa amezifasiri zaidi ya thelathini. Alilisema neno lile kwa ufundi wake wote, akaacha kidogo katikati, kama anavyofanya kipaza sauti kikiwa mkononi. Wakampigia makofi ndani ya boti.

Akakaa chini kwenye sakafu. Hasira haikupungua, ila sasa ilikuwa imekosa pa kwenda.

Mchana alimfuata Frank kwenye nyumba ya wageni alikofikia. Akamwambia filamu ile ni ya uongo, pale pana watu, pana kaburi la mtoto.

"Kaka Twahiru," Frank akasema, akiendelea kuandika kwenye simu, "wewe ni mfasiri. Fasiri. Wenye maoni watatoa maoni baada ya filamu."

"Mawe yale ni kaburi. Nakuambia mimi."

"Nani amekuzuia kusema? Lakini mimi naenda na ushahidi. Hata mwisho wa filamu yupo mtu wa huku huku, mwenyeji, anaulizwa na anajibu kwamba hakuna mtu. Simjui ni nani, lakini ni wenu. Mimi nishike la nani?"

Twahiru angeweza kusema pale pale kwamba mtu huyo ni yeye. Badala yake alitoka amekunja ngumi mifukoni, akajipangia mpango wa mtu mwoga. Atawaeleza watu ukweli filamu nzima, na ikifika ile sehemu ya mwisho atazima sauti. Fungu litapona, na yeye atapona.

Jumamosi, baada ya swala ya alasiri, watu walijaa kwenye darasa la shule ya msingi ya kijijini kwao, madirisha yamezibwa kwa magunia. Waliokosa madawati walisimama. Bi Safina alikaa mbele kabisa, kanga mpya, na wale wanawake waliofagia wamejipanga kushoto na kulia kwake. Walikuja kuona kazi yao.

"Shikamoo mama," Twahiru akamwambia akipita na nyaya.

"Marahaba mwanangu. Leo usituchekeshe sana, tunataka kupaona vizuri."

Frank alikaa pembeni na wageni wake wawili wa mradi. Rozalia, karani wa mkutano, alikuwa na daftari la muhtasari mapajani. Filamu ikaanza, Twahiru akaishika sauti yake, na kwa mara ya kwanza katika miaka ishirini na miwili hakutia hata punje ya chumvi.

"Anasema hapa hajafika mtu. Ni uongo. Hapa ni Fungu la Somoe. Bibi yangu alifika kwa miguu, maji ya kifua, kabla babu yake huyu hajavaa viatu."

Darasa likalipuka kwa kicheko. "Mpe, Spika! Mpe!"

"Anasema mchanga huu haujakanyagwa. Ulifagiliwa na wanawake saba, na watatu kati yao wanaumwa migongo mpaka leo."

Vicheko. Vijana waliokaa nyuma walipiga madawati. Walijua kwamba pale ni Fungu la Somoe, si kwamba hawakujua, lakini kila neno likitoka mdomoni kwa Spika linakuwa mchezo, na wao walikuja kucheza. Kadiri alivyosema kweli kwa ukali ndivyo walivyocheka. Frank mwenyewe alikuwa anacheka na kuwarekodi kwa simu. Twahiru akamwona Rozalia akiandika kitu na kutabasamu, akajua ameandika kwamba wananchi wameipokea filamu kwa furaha. Shati lake lilikuwa limelowa mgongoni. Alitamani kuwachapa mmoja mmoja.

Kofia akafika kwenye mawe. Akapiga magoti.

"Haya mawe nimeyapanga mimi," Twahiru akasema. "Hili ni kaburi. Ni kaburi la mdogo wangu, anaitwa Rehana, alikuwa na miaka mitatu."

Mbele, wanawake wazima hawakucheka. Bi Safina alikuwa ameshika mdomo. Lakini nyuma walikuwapo wale waliozaliwa juzi, ambao hawakupata kusikia habari ya Rehana, na ambao mwezi uliopita tu kule Magomeni walimsikia Spika akimzika mfalme wa kale wa filamuni na kumpa jina la muuza nyama wa sokoni. Wakacheka. Mmoja akapaza sauti, "Mtoto amekula pweza mbichi!"

Twahiru akakibwaga kipaza sauti sakafuni. Kikalia kwa mlio uliowafanya watu wazibe masikio. "Nyamazeni!" akapiga kelele. "Nyamazeni, wajinga nyie! Hicho ni kichekesho? Mama yake huyu hapa mbele yenu! Hiki ni kichekesho?"

Wakanyamaza. Alisimama katikati ya darasa akitweta, na katika hasira yake akasahau mashine. Filamu ikaendelea na maneno yake yenyewe, Kiingereza kitupu, hakuna aliyejali. Kofia akapanda boti. Kisiwa kikaanza kupungua. Twahiru alipokumbuka na kuirukia kompyuta, alikuwa amechelewa. Sauti nzito, tamu, ikajaza darasa zima.

"Haa! Ni Spika huyo!" akasema mtu.

Wote waliitambua. Wangeikosaje? Sauti ile wamekua nayo. Picha ikaisha, ukuta ukabaki mweupe.

Bi Safina akageuka taratibu kwenye dawati lake. "Twahiru. Ile ni sauti yako."

"Ndiyo, mama."

"Unasema nini pale?"

Darasani hakukuwa na watu watano wanaoshika Kiingereza cha haraka namna ile. Angeweza kusema lolote. Angeweza kusema kwamba anawakaribisha wageni, au anawaaga, na mama yake angeamini, kwani ni lini hajamwamini? Pembeni Frank alikuwa ameacha kurekodi. Alimtazama Twahiru, akautazama ukuta, akaelewa, na uso wake ukakunjuka.

"Mweleze mama, kaka," akasema kwa upole. "Fasiri."

Twahiru alimwangalia mama yake, mikono ile ya kuchokoa, vidole vilivyopinda. Akasema, "Ananiuliza kama kuna mtu anakuja pale. Mimi namjibu hakuna. Namjibu hakuna mtu aliyewahi kufika."

"Ulijua unachosema?"

"Nilijua."

"Mdogo wako ulikuwa umemsahau?"

"Sikumsahau, mama. Nilitaka filamu iwe nzuri."

Mnong'ono ukapita darasani, na haukuwa mzuri. Celeste alisema neno moja la Kimakonde ambalo halifai kuandikwa. Frank akasimama, akajikohoza, akaanza kusema kwamba sasa, kwa kuwa mwenyeji mwenyewe amethibitisha mbele ya mkutano.

"Kaa," akasema Bi Safina.

Hakupaza sauti. Frank akakaa. Kikongwe akainuka, akajifunga kanga kiunoni kwa nguvu kama mtu anayekwenda kupigana, akasogea hadi kwenye meza ya karani.

"Binti, chukua kalamu. Andika kwamba mwanangu ni mwongo. Usiandike amekosea wala amepitiwa, andika mwongo. Aliulizwa, akajua jibu, akawapa uongo wageni, na filamu nzima imesimama juu ya uongo huo. Andika mama yake ndiye aliyesema, nami nnasema mbele yake. Kisha andika hawa waliofagia, uwaandike wote, maana kama hapakuwa na nyayo sijui tulikuwa tunafagia nini."

"Mama," Frank akasema, "hayo si ya muhtasari."

"Ni ya muhtasari. Andika, binti."

Rozalia alimtazama Frank, akawatazama wanawake waliokuwa wanasimama mmoja baada ya mwingine nyuma ya Bi Safina, akafungua ukurasa mpya. Aliandika kwa muda. Kisha akanyanyua uso kumtazama Twahiru, kwa aibu kidogo.

"Jina kamili, kaka? Yanatakiwa matatu."

Mama yake alikuwa amempa mgongo. Vijana wa nyuma walikuwa wameinama. Kesho yake, Magomeni nzima ingekuwa na habari, na keshokutwa angeingia bandani, awashe mashine, aseme neno, na watu wangemtazama kwanza kabla ya kucheka.

"Twahiru Alawi Mchopa," akasema, na akalirudia polepole ili asikosee kuliandika.